Jiwe la Mtekenyo

Ukitaka kumjua Magreti wa Masanze, usiulize sura yake ikoje. Simama tu njiani usikilize. Kicheko kikianza chini chini kama chungu kinachokaribia kuchemka, kikapanda, kikafurika, kikawatimua kuku wa nyumba tatu, basi huyo ndiye. Alicheka kanisani mchungaji akiwa katikati ya kuombea mvua. Alicheka mkutanoni bwana shamba akieleza hatari ya viwavi. Aliwahi kucheka matangani, na kwa bahati njema mfiwa mwenyewe akaambukizwa, wakalia na kucheka kwa pamoja mpaka waombolezaji wakashindwa kujua wawape pole au waondoke. Watu wazito wa uso hawakumpenda kabisa. Na watu wazito wa uso, kama mnavyojua, hawakosekani mahali. Ndio wanaopewa vyeo.

Kicheko hicho kilimkosesha shule. Enzi za mkoloni alikuwa darasa la nne katika shule moja ya misheni kule milimani, na alipenda hesabu kuliko mahindi ya kuchoma. Siku mkaguzi alipokuja, mwalimu alimwita ubaoni mbele ya mgeni: thelathini na saba mara tatu. Magreti akaandika, akazidisha, akajumlisha, na jibu likatoka mia moja na kumi na moja. Moja, moja, moja, zimesimama bega kwa bega! Hakuwa amelitegemea hata kidogo. Furaha ikampanda kutoka kwenye nyayo, akaangua kicheko mpaka chaki ikamdondoka. Sasa yule mkaguzi alikuwa amevaa kaptura pana, na miguu yake ilikuwa myembamba. Akadhani anachekwa yeye. Mwalimu akanyoosha kidole mlangoni.

"Nje!"

Na nje ikawa nje kweli, maana baba yake aliposikia kwamba binti yake amemcheka Mzungu wa serikali, hakumrudisha tena.

Akajifunza kufinyanga vyungu kwa bibi yake, akaolewa na Stefano, akazaa, akateremka bondeni Masanze na wenzake wakati wa vijiji vya ujamaa. Lakini hesabu hakuziacha. Mikono ikiwa kwenye udongo, kichwa kiliendelea pale ubaoni alipoachia: thelathini na saba mara sita, mia mbili ishirini na mbili. Mara tisa, mia tatu thelathini na tatu. Siku alipofika mara ishirini na saba zikatoka tisa tupu, mia tisa tisini na tisa, alikuwa mtoni peke yake, akacheka hadi ndoo ikachukuliwa na maji. Akakimbia nyumbani kumweleza Stefano. Stefano, mtu mwema asiye na makuu, alisikiliza mpaka mwisho, akatikisa kichwa, kisha akauliza ndoo iko wapi. Hilo ndilo lililomuuma Magreti miaka yote ile. Alikuwa na watu wa kula nao, wa kulima nao, wa kusali nao. Mtu wa kuchekelea naye hesabu hakuwahi kumpata.

Ila alikuwa na jiwe.

Mfinyanzi yeyote ana jiwe lake la kusugulia chungu kabla hakijachomwa, ili king'ae. La Magreti alilirithi kwa bibi yake, aliyeliokota mlimani akichimba udongo. Lilikuwa angavu kama maji, lina mshipa wa zambarau katikati, na lilikuwa na tabia moja ya ajabu: ukilibana, linatekenya. Ukilikandamiza kwenye udongo, kiganja kizima kinawasha kwa raha, mkono unasisimka mpaka begani. Bibi alikuwa akifinyanga huku anacheka, na mjukuu akarithi vyote viwili. Watoto waliliita jiwe la mtekenyo, na wakubwa nao wakaliita hivyo hivyo.

Basi siku moja, mwaka wa pili tangu wahamie Masanze, ikapita Landrova ya wizara. Ndani yake alikuwamo kijana mtaalamu wa miamba aitwaye Makarius, mtoto wa Kiluguru aliyerudi karibuni kutoka masomoni. Alikuwa anapima mawe ya wilaya nzima, na alikuwa amechoka, maana mawe hayana maneno. Akasikia kicheko. Akasimamisha gari. Akamkuta mama mmoja chini ya upenu, chungu mapajani, anasugua na kujifia kwa kucheka.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Karibu. Usinishangae, ni jiwe hili."

Makarius akaomba kulishika. Akalibana. "Hii!" akasema, kijana mzima mwenye miwani, akaruka. Akalibana tena. Akacheka mpaka miwani ikamshuka puani, halafu ghafla akaacha kucheka, akalielekeza kwenye jua, akakaa chini juu ya udongo wa watu bila kuangalia suruali yake.

"Mama," alisema, "unajua umeshika nini?"

Akamweleza. Jiwe lile lilikuwa fuwele ya aina ambayo wataalamu walikuwa wameiona mahali pawili tu duniani, vipande vidogo kama punje ya mtama. Jina lake la kitaalamu lilikuwa refu mno, Makarius mwenyewe alilisema mara mbili kwa namna mbili. Kazi yake ilikuwa ndani ya kompyuta, mashine ya kuhesabu. Hesabu nyingi zinakimbia humo kwa wakati mmoja, na zisipopigiwa mdundo zinagongana. Fuwele hii ikibanwa inatetemeka, wala haikosei mdundo.

"Kwa hiyo ni mpiga ngoma," alisema Magreti.

"Ndiyo, mama. Mpiga ngoma wa hesabu."

Magreti aliweka chungu chini taratibu. "Na hiyo mashine, hesabu ikitoka vizuri, ikatoka tamu, inacheka?"

Makarius alikuna kichwa. Alikuwa ameulizwa mengi na maprofesa, lakini hilo hakuwahi kuulizwa. "Sijui, mama. Sijawahi kukaa nayo karibu."

"Basi jiwe halitoki hapa mpaka niione kwa macho yangu. Niipe hesabu mwenyewe, niitazame usoni."

Wakakubaliana. Kompyuta kubwa ilikuwa Dar es Salaam, inajaza chumba, lakini Jumamosi wataalamu wangepita Mikumi kuelekea Iringa na mashine ndogo ya majaribio, na pale wangeijaribu fuwele. Atakayeleta jiwe ndiye atakayekaa kitini na kuipa mashine hesabu ya kwanza. Moja tu, Makarius alisisitiza, kwa sababu jenereta ni ya kuazima na safari ni ndefu.

Kuanzia hapo Magreti hakuwa mtu wa kutumwa kitu. Alipika mboga bila chumvi, kesho yake akaweka chumvi kwenye uji. Alimwamkia shikamoo mtoto wa jirani, na mtoto, kwa adabu zake, akaitikia marahaba. Alikuwa ameshachagua hesabu yake: ile ya tisa tupu. Jibu alilijua. Alichotaka ni kuiona mashine jibu likiitoka. Ingekuwa na furaha ile ile iliyompanda yeye ubaoni, basi hakuwa mwendawazimu, na yule mwalimu ndiye aliyekosea.

Kijiji nacho kikapagawa. Mwenyekiti Mathayo aliitisha mkutano kuamua kama jiwe ni mali ya Magreti au mali ya kijiji, na akataka kila mwanakijiji alishike kwanza ili ajue kinachojadiliwa. Hapo ndipo alipoharibu. Jiwe lilipita safu hadi safu, na kila safu lilipofika ikaanguka. Wazee waliocheka mara ya mwisho siku ya Uhuru walishikana mabega. Mathayo alipolishika mwenyewe alikuwa anasema "Ujamaa...", na hakufika mwisho wa sentensi. Mkutano ukafungwa bila azimio, jiwe likarudi kwa mwenyewe.

Jioni ya Ijumaa wakaja majirani kumuaga, na Magreti akafanya kosa ambalo hata mtoto mdogo wa kabila lake la Kisagara halifanyi. Aliliweka jiwe kwenye ungo, katikati ya wageni, na mtani wake yupo.

Mtani huyo alikuwa Mihayo, Mnyamwezi wa Tabora aliyekuja zamani kukata mkonge wa Kilosa, akaoa, akasahau kurudi. Wanyamwezi na Wasagara ni watani tangu enzi za misafara ya wapagazi, na utani una sheria kuliko mahakama. Mtani akikiona kitu chako anaweza kukinyakua. Huruhusiwi kukasirika. Utakikomboa kwa atakachotaja yeye, na ukinuna tu, umekikosa na aibu juu. Mihayo alikuwa mfupi, ana pengo mbele, na alikuwa hafanyi mzaha katika mambo ya utani. Mkono ukaenda kwenye ungo, jiwe likapotea.

"Limekwenda!" watu wakapiga kelele.

Magreti akacheka, kama ilivyo ada. "Haya, mtani. Nilikomboe kwa nini? Kuku?"

"Kuku ninao," alisema Mihayo. "Mimi nataka kitu usichonacho. Kesho twende wote Mikumi, jiwe nalibeba mimi, hapa kwapani, wala halitoki. Wewe usicheke. Usicheke kwenye lori, usicheke njiani, nikikupa jiwe mkononi usicheke, mpaka mashine itoe jibu. Ukicheka kabla, nakaa mimi kitini. Na mimi nitaiuliza imehesabu mizigo mingapi tuliyobeba sisi huku ninyi mmejificha milimani."

Wageni wote wakaguna. Afadhali angemwambia asipumue.

Asubuhi walipanda lori la ushirika lililokuwa linakwenda Mikumi kuchukua mabati ya zahanati. Alikuwamo Mathayo, amevaa tai kuwakilisha kijiji. Walikuwamo akina mama wawili na mbuzi, na vijana waliopanda bila sababu ila kushuhudia. Magreti alikaa kona ya nyuma, kanga imefungwa kichwani, uso umekazwa kama wa hakimu. Alikuwa amegundua dawa. Kila kicheko kilipoanza kutambaa tumboni, alijisemea moyoni lile neno: nje. Lilikuwa bado zito vile vile baada ya miaka yote hiyo. Kicheko kilikuwa kikilisikia na kurudi chini.

Mihayo alianza kabla hata hawajatoka Masanze. "Jamani, mnajua kwa nini Wasagara walihamia mlimani? Walimwona Mnyamwezi wa kwanza na mzigo kichwani, wakadhani ni mnyama mwenye vichwa viwili. Wakapanda juu kumsubiri apite. Mpaka serikali imekuja na malori kuwaambia shukeni, yule alishapita!"

Lori likalipuka. Magreti akatazama mashamba. Nje.

Mihayo akamwigiza Mathayo anavyopima ekari kwa hatua huku suruali inamshuka. Akaigiza wanawake wa Kisagara wanavyomsalimia mkwe. Alikuwa fundi kwa kweli, nisimnyime haki yake. Mathayo, ambaye usingizi ulimshika kabla ya kijiji cha Zombo, hakusikia chochote, na yule mbuzi akamsogelea, akainusa ile tai, akaanza kuila. Aliila taratibu, kwa heshima, akipanda nayo kuelekea shingoni. Akina mama wakaanguka mmoja juu ya mwingine. Magreti macho yalimtoka, mashavu yakajaa upepo, chozi likamteremka. Nje, nje, nje! Na kicheko, kwa shida kubwa, kikashuka.

Walipopita Zombo barabara ikawa makorongo matupu. Na hapo ndipo mambo yalipogeuka, kwa maana Mihayo alikuwa amesahau ameweka nini kwapani. Lori likaruka, kwapa likabana, jiwe likafanya kazi yake.

"Na tena Wasagara... hii! Wasagara wali... hii hii hii!"

"Litoe hapo, mzee!" alisema kijana mmoja.

"Thubutu!" akasema mama mwenye mbuzi. "Si alisema halitoki kwapani? Sheria ni sheria."

Mihayo mwenyewe alijua kwamba ni sheria. Kila korongo akapiga ukelele, kila jiwe la barabara akajikunja. Alijaribu kusimama, ikawa vibaya zaidi. Alijaribu kuinua mkono, lori likapinda, akaushusha haraka asije akaanguka, na jiwe likabanwa sawasawa. Mtu aliyeagiza mwenzake asicheke alicheka yeye mpaka kofia ikapeperuka, mpaka pengo lake likajulikana na twiga wa mbugani. Walipoingia Mikumi hakuwa na mzaha hata mmoja uliobaki. Alikuwa anapumua kama aliyesukuma lori.

Wataalamu, Makarius akiwa miongoni mwao, walikuwa wamepanga chumba katika nyumba ya wageni kando ya barabara kuu. Jenereta ilinguruma uani. Mezani palikuwa na mashine, kubwa kiasi cha sanduku la bibi harusi, ina taa ndogo ndogo usoni na ulimi wa karatasi. Msimamizi wake alikuwa binti aitwaye Yunis, koti jeupe, amesomea kazi hiyo ng'ambo, na alionekana mtu asiyependa kupoteza muda. Alipomwona Magreti mlangoni, uso umekauka, macho mekundu, alisimama.

"Shikamoo, mama. Pole sana na msiba."

"Marahaba, mwanangu," alisema Magreti kwa sauti ya kaburini. "Hakuna msiba. Ni utani."

Makarius alimtazama Yunis, Yunis akamtazama Mathayo, aliyekuwa na nusu tai.

Mihayo akatoa jiwe kwapani kama anayetoa mwiba. Akaliweka kwenye kiganja cha Magreti, na kwa ubaya wake wote akakifunga kile kiganja kwa mikono yake miwili, akakibana.

Likamtekenya kuanzia kidole cha mwisho mpaka nyuma ya masikio. Akaliita lile neno lake. Nje. Halikuja. Akaliita tena, na safari hii neno lilikuwa halina uzito wowote, kwa sababu hakuwa nje. Alikuwa ndani, chumbani kabisa, na kiti kimevutwa kwa ajili yake. Hakuwa na kitu kingine cha kujizuia nacho isipokuwa meno, basi akaing'ata kanga. Akavuka chumba huku mabega yakimtetemeka. Yunis akamwonyesha tundu lenye koleo ndogo, Magreti akalitumbukiza jiwe, koleo zikalishika, na mashine ikaanza kunong'ona.

"Hesabu, mama," alisema Yunis, vidole vikiwa tayari.

Magreti akaitoa kanga mdomoni kwa sekunde moja. "Thelathini na saba mara ishirini na saba." Akairudisha.

Yunis akabonyeza. Taa zikakimbizana. Ulimi wa karatasi ukatoka kidogo, ukasimama. Tisa, tisa, tisa.

Jibu lilikuwa limetoka. Mihayo alishusha mikono. Ameshindwa, na alijua. Magreti alikuwa huru kucheka kuliko mtu yeyote mkoani Morogoro. Lakini hakucheka. Alikuwa ameinama mbele ya mashine, amezikodolea macho zile taa, anangoja. Taa zilikuwa zimetulia. Ile mashine ilinong'ona vile vile kama mwanzo.

"Sawa," alisema Yunis, akachana karatasi bila kuitazama sana. "Fuwele inafanya kazi. Makarius, funga, tuondoke."

"Haikucheka," alisema Magreti.

"Samahani, mama?"

"Imepata, na haikucheka. Au haijajua kama imepata?"

Yunis akasita. "Haijui, mama. Inatoa tu."

Magreti alisikia huruma, huruma ya kweli, kama ya kumwona mtoto wa watu anakula chakula kitamu na mafua yamemziba pua. Maskini. Hesabu zote za dunia zinapita kifuani mwake na hata moja haimfurahishi! Akaiwekea mkono juu, bati lilikuwa na joto. "Basi mwanangu," akaiambia, "nitakuchekea mimi."

Na akacheka. Kilitoka cha lori zima, cha mbuzi na tai, cha vichwa viwili, cha kwapa la Mihayo, na chini ya vyote hivyo cha tisa tatu zilizosimama bega kwa bega. Mihayo akadondoka kwenye sakafu. Makarius akavua miwani. Mathayo alicheka bila kujua kwa nini, mpaka aliposhika shingo yake akakuta nusu ya tai imeishia njiani, akacheka upya.

Yunis peke yake hakucheka. Alisimama na kile kipande cha karatasi, akakitazama, akakitazama tena, sasa kwa macho mengine.

"Ee!" alisema taratibu. "Tisa tupu. Mama, zimetoka tisa tupu!"

"Eti eeh!" alisema Magreti, anajishika mbavu. "Umeziona?"

"Na thelathini na saba mara tatu si itakuwa..." Midomo ya Yunis ikahesabu. Ikaanza kutetemeka. Halafu binti wa koti jeupe akajifunika uso kwa karatasi, na kicheko kikamtoka, kicheko chembamba cha mtu ambaye hakuwahi kujua kwamba hesabu inachekesha.

Magreti akaacha kucheka. Akamtazama. Kwa miaka yote alikuwa hajawahi kumwona mtu mwingine akifanyiwa hivyo na namba.

Uani jenereta ilikohoa. Dereva wa wataalamu akachungulia, akasema jua limepanda na Iringa ni mbali.

"Tangulia ukanywe chai," alisema Yunis bila kugeuka. Akavuta kiti cha pili, akaketi karibu na Magreti, begi likiwa wazi na nusu ya nyaya zimeshakunjwa. "Mama, ipe nyingine."

"Mlisema moja tu."

"Nyingine, mama."

Magreti akajipangusa macho kwa kanga, akafikiri kidogo, akaanza kuitaja.